Kasa Amelala, Amezimia au Amekufa? Mwongozo Kamili wa Pumzi na Usingizi wa Kasa na Kobe

Jarife, wavu wetu wa kutega wa macho makubwa, lilikuwa limelala majini usiku kucha. Tulipolipandisha alfajiri, baada ya taa wawili na papa mdogo, akatoka kasa wa upana wa sinia la pilau, shingo imelegea, mapezi yananing'inia kama matambara yaliyolowa. Baharia mmoja akamsukuma kwa mguu. "Huyu keshakufa, mtupeni." Nahodha, mtu mzima aliyeanza bahari kabla baba yangu hajaoa, akakataa. "Kasa hafi upesi hivyo. Mlazeni kifudifudi, nyuma mpandishe juu, mfunikeni gunia la maji." Tukamlaza, tukaendelea na kazi zetu. Jua lilikuwa limepanda na tunakaribia diko, pale pwani tunaposhushia samaki, niliposikia nyuma yangu sauti ya mtu anayeshusha pumzi baada ya kutua mzigo. Nikageuka. Kasa ameinua kichwa.

Siku ile sikuelewa kilichotokea. Nilidhani nahodha ana dua yake. Baadaye nikaja kujua kwamba alichofanya kina sababu, na sababu yenyewe iko katika namna mnyama huyu anavyopumua na anavyolala. Ukiijua, utajua la kufanya ukimkuta kasa kwenye wavu, juu ya mchanga, chini ya mwamba, au kobe kwenye ndoo ya mtoto. Kama kasa yuko mbele yako wakati huu na hatikisiki, ruka uende moja kwa moja hatua ya sita, mengine utasoma jioni.

Hatua ya kwanza: jua mapafu yako wapi

Kasa ana mapafu kama wewe. Hana matamvua, yale mashavu mekundu ya samaki, kwa hiyo hawezi kuchuja hewa iliyomo majini. Kila pumzi anayoitumia huko chini ameivuta juu, puani, akaibeba.

Tofauti ni namna ya kuvuta. Sisi tukipumua, mbavu zinatanuka na kifua kinajaa. Mbavu za kasa na kobe zimeungana na gamba, zimekuwa sehemu ya paa la nyumba yake, na paa halitanuki. Fikiria mfuko wa ngozi uliofungiwa ndani ya kasha la mbao: kasha halisogei, kwa hiyo lazima kitu kingine ndani ya kasha kiubane mfuko na kuuachia. Kitu hicho ni misuli ya tumboni, ikisaidiwa na mwendo wa mabega na miguu. Misuli ikikaza, matumbo yanasukumwa juu na kuyabana mapafu, hewa inatoka. Ikilegea upande huu na kukaza upande ule, nafasi inapatikana na hewa inaingia.

Na mapafu yenyewe yamelala juu kabisa, yameshikana na gamba la mgongoni, huku ini na utumbo viko chini yake. Hapo ndipo mambo mengi yanapoeleweka. Ukimlaza kasa chali, matumbo yote yanayaangukia mapafu. Mtu anayempindua kasa ili asikimbie anamkalisha na mzigo wake mwenyewe kifuani. Kwa sababu hiyo hiyo, kumkanyaga tumboni ili "kumtoa maji" hakumsaidii. Unachokibana ni matumbo, na unaweza kumpasua kitu ndani.

Hatua ya pili: jifunze kuisikia pumzi yake

Kaa kimya kwenye ngalawa, bahari ikiwa shwari, mahali penye majani ya baharini wanakolisha kasa. Kwanza utaona kichwa, cha ukubwa wa ngumi, kinatokea kama boya dogo. Kisha utasikia "puh!" fupi, hewa inatoka kwa kishindo, na papo hapo anavuta nyingine. Tendo zima huchukua sekunde moja au mbili. Kwa kasi hiyo anabadilisha sehemu kubwa ya hewa iliyomo mapafuni, jambo ambalo sisi hatuliwezi, maana pumzi yetu ya kawaida hubadilisha sehemu ndogo tu.

Kasa anayelisha huzama dakika chache, akarudi, akapumua mara moja au mara kadhaa, akazama tena. Jifunze kuhesabu baina ya pumzi. Baada ya siku mbili tatu utatambua kasa aliyetulia na kasa aliyefukuzwa. Aliyefukuzwa hupumua mara nyingi kwa kufuatana, kichwa kinakaa juu muda mrefu kuliko kawaida. Ukiona hivyo nawe uko na wageni kwenye boti, zima injini umwache apate haki yake. Boti tatu zikimzunguka kasa mmoja, kila anapotokea anatishwa na kurudi chini na nusu ya pumzi, na huo ni mchezo mbaya, hata kama wageni wanapiga makofi.

Hewa anayobeba ndiyo pia inayompima uzito majini. Kasa anayekusudia kulala kwenye kina cha mita chache huvuta kiasi, na anayekwenda chini zaidi huvuta zaidi, kwa sababu kina kinaibana hewa. Akikadiria vizuri, akifika chini anakaa bila kuelea wala kuzama, hapigi pezi. Lakini yule kasa mkubwa kuliko wote, mwenye mgongo wa ngozi badala ya magamba, hafuati hesabu hiyo. Ameshapimwa akizama mita 1,280. Huko chini mapafu yake yanasinyaa, naye anaishi kwa oksijeni iliyohifadhiwa katika damu na nyama.

Hatua ya tatu: mtambue aliyelala

Watu wengi huuliza kama kasa analala kweli, maana akiwa mtu wa mapafu na amelala chini ya maji, mbona hafi? Analala, tena sana. Katika usingizi mwili unapunguza matumizi, moyo unapiga polepole, na damu inaelekezwa kunakohitajika. Pumzi ile iliyokwisha kwa dakika chache mchana wakati wa kulisha, usiku inamtosha nusu saa, saa nzima, na mara nyingine zaidi ya hapo. Kisha anapanda nusu usingizini, anapumua, anarudi pale pale.

Joto la maji ndilo linaloamua. Kasa hana joto lake la ndani kama letu, kwa hiyo maji yakiwa baridi mwili wote unakwenda taratibu. Katika Bahari ya Mediterania, duvi, aina nyingine ya kasa, aliyekuwa akipitisha majira ya baridi chini alipimwa akikaa zaidi ya saa 10 kwa pumzi moja. Usichukue hesabu hiyo ukaileta Mafia au Lamu. Maji yetu ni ya uvuguvugu mwaka mzima, na kasa wetu hana anasa ya saa 10.

Ukipiga mbizi kwenye matumbawe, hasa jioni, mtafute chini ya kingo za miamba. Ng'amba, yule kasa mwenye mdomo kama wa mwewe, na kasa wa kawaida hupenda kujichomeka kwenye upenyo, kichwa ndani, gamba limegusa dari ya jiwe ili asielee. Wengine wana chumba chao, leo umkute, na kesho umkute hapo hapo. Dalili za usingizi ni hizi: mapezi yametulia yamekumbatia mwamba au yamelala ubavuni, macho yamefumba au nusu, na samaki wadogo wanadonoa gamba lake bila yeye kujali. Shingo haijalegea. Hilo likumbuke, tutalirudia. Mkae mbali, mita 3 au zaidi, msimmulike tochi usoni, na msimzibie njia ya kupandia. Kasa aliyeshtuliwa usingizini anaweza kuwa amebakiwa na hewa kidogo tu, na wewe ukiwa juu yake unamfungia mlango.

Mahali pasipo na mwamba, kwenye bahari kuu, hulala akielea juu, mgongo umetoka, ndege amekaa juu yake. Vifaranga ndio wanaopendeza. Akichoka, kifaranga huyarudisha mapezi yake ya mbele mgongoni, kama mtoto aliyekunja mikono darasani, akaelea hivyo hivyo juu ya mawimbi. Kwa ukubwa ule hawezi kujizamisha mbali, na pumzi iko jirani.

Lakini mtofautishe anayeelea kwa usingizi na anayeelea kwa ugonjwa. Aliyelala, ukikaribia taratibu, ataamka na kuzama. Mgonjwa anajaribu kuzama na hawezi. Nyuma yake inanyanyuka, au ameinama upande mmoja kama mashua iliyopakiwa vibaya, na gamba limeota mwani na makombe. Huenda amekula plastiki, hewa imejaa tumboni, au pafu limepasuka. Huyo usimsukume arudi kilindini, atateseka tu. Toa taarifa kwa ofisi ya uvuvi, BMU yenu (kikundi cha usimamizi wa ufukwe), au kituo cha kasa kilicho karibu. Watamu kuna kituo cha kuwatibu, na upande wa Tanzania shirika la Sea Sense hufanya kazi na wanavijiji wa pwani.

"Si wanapumulia nyuma?"

Swali hili haliniishi. Kuna ukweli ndani yake, lakini si wa kasa wa bahari yetu. Katika Mto Fitzroy huko Queensland, Australia, yuko kobe wa majini mwenye mifuko miwili ndani ya tundu lake la nyuma. Anasukuma maji yaingie na kutoka humo, na kwa njia hiyo hupata hadi theluthi mbili hivi ya oksijeni anayohitaji, akakaa chini siku nzima. Amerika ya Kaskazini yuko mwingine mwenye michoro myekundu na ya njano ambaye hupitisha majira ya baridi chini ya barafu, miezi kadhaa, hata pale ambapo maji hayana oksijeni kabisa. Mwili wake unatengeneza asidi ya uchovu, ile ile inayokuchoma mapajani ukikimbia, na gamba linaachia chumvi zake za chokaa kuizimua. Gamba lake ni dawa ya kiungulia, kwa maneno mengine.

Karibu na kwetu yuko kobe laini wa Nile, anayepatikana hadi Ziwa Turkana, mwenye gamba la ngozi na pua ndefu kama mrija. Jamii yake inaweza kufyonza oksijeni ya majini kwa ngozi na kwa utando wa koo, na kwa kutoa ile pua tu anapumua bila kuonekana.

Kasa wa bahari hana ujuzi wowote katika huo. Asipofika juu, anakufa maji kama mtu.

Hatua ya nne: kobe wa nchi kavu, na makosa ya nyumbani

Kobe anapumua kwa misuli ile ile, na kwake ni rahisi kuona. Mtazame kwenye ngozi laini iliyo baina ya shingo na mkono: inaingia na kutoka, na mara nyingine miguu ya mbele inasogea kidogo kama mtu anayekanyagia cherehani. Hapumui kwa mpangilio kama wetu. Anapumua, ananyamaza muda, anapumua tena. Akijifungia ghafla ndani ya gamba utasikia "hss", na watoto hudhani ana hasira kama nyoka. Ni hewa tu. Kichwa na miguu vikiingia ndani, nafasi inakwisha, mapafu yanabanwa, hewa inatoka. Hawezi kujificha na kujaza mapafu kwa wakati mmoja.

Usiku hulala, akiwa amejisogeza penye kichaka au ukuta. Kipindi kirefu cha ukavu anaweza kujificha siku nyingi bila kula. Kobe wakubwa wa kisiwa cha Changuu, ambao asili yao ni kisiwa cha Aldabra na waliletwa Unguja kutoka Shelisheli mwaka 1919, hulala mchana kwenye kivuli wakiwa wamenyoosha shingo na miguu yote, mgeni akaja mbio kusema mmoja amefariki. Hajafariki. Joto limezidi.

Yuko pia kobe bapa wa mawe, wa nyanda kavu za Kenya na Tanzania, mwembamba kama chapati na mwenye gamba linalobonyea. Husemwa kwamba akijichomeka kwenye ufa wa jiwe hujijaza pumzi akavimba ili asitolewe. Waliochunguza wamekuta havimbi. Anajikaza kwa miguu na kucha.

Makosa ninayoyaona zaidi ni matatu. La kwanza ni kumgeuza chali kwa mchezo. Kobe mzito akiachwa hivyo juani, pumzi inamwia ngumu na joto linammaliza. Mgeuze kwa ubavu, taratibu, kwa mikono miwili. La pili ni kumtia kwenye ndoo au pipa la maji "aogelee". Kobe wa nchi kavu anazama. Beseni la maji ya kina cha kidevu chake, penye njia ya kutokea, linamtosha kunywa na kuoga. La tatu linafanywa na watu wa roho nzuri: wanamwokota kobe barabarani wanakwenda kumwachilia baharini. Kabla ya hapo tazama miguu. Mapezi bapa kama makasia, huyo wa baharini. Vidole vyenye utando na kucha, ni wa mto au bwawa, na bwawa likikauka huyo hujizika matopeni hadi mvua. Miguu minene kama ya tembo, mrudishe porini alikotoka, ng'ambo ya barabara aliyokuwa anaielekea.

Kobe anayepumua mdomo wazi, shingo ameinyoosha juu, mapovu puani, huyo mapafu yanaumwa. Mkaushe, mpe mahali pa joto pasipo upepo, umtafute daktari wa mifugo. Hawezi kukohoa kama sisi, kwa hiyo makohozi yakikaa, yamekaa.

Hatua ya tano: kasa akiwa juu ya mchanga

Kasa jike anayepanda kutaga hupanda na mwili ambao bahari ilikuwa inambebea. Sasa uzito wote uko juu ya tumbo, na tumbo ndilo analopumulia. Kila hatua chache anasimama, anainua kichwa, anashusha pumzi nzito unayoisikia kutoka mbali usiku. Wengi humwona na macho yanatiririka wakasema analia uchungu. Ni chumvi hiyo, tezi za machoni zinaitoa mwilini. Usimsaidie. Usimmulike. Kaa nyuma yake, chini ya upepo, usubiri arudi mwenyewe.

Mayai nayo yanapumua. Kiinitete kikiwa bado tumboni kwa mama kinasimamisha kukua kwa kukosa oksijeni, na yai likishatagwa likapata hewa ndipo kinaendelea. Hewa hiyo hupita kati ya chembe za mchanga. Ndiyo maana gari likipita juu ya kiota, au maji ya bamvua yakikifunika kwa muda, mayai yanakosa pumzi kama mtu aliyezibwa pua. Kiota kikiwa mahali pa hatari, usiyachukue mayai kienyeji na kuyageuzageuza, maana baada ya saa chache kiinitete kimeshajishikiza juu ya yai, na ukilipindua unakiua. Waite waliofunzwa.

Kasa aliyeachwa na maji kupwa mchana, katikati ya miamba, mkinge na jua kwa shuka iliyolowa bila kumfunika pua, mmwagie maji mgongoni, umngoje maji yajae. Msimvute kwa pezi, litateguka. Mshikeni gamba, mbele nyuma ya shingo na nyuma juu ya mkia.

Hatua ya sita: aliyetoka kwenye wavu hatikisiki

Turudi kwenye mashua.

Koroboi na karabai hutumia mafuta yale yale ya taa, lakini kibaba kinachowasha koroboi usiku mzima, karabai inakimaliza mara moja. Kasa aliyelala ni koroboi. Kasa aliyenaswa, anapiga mapezi, anajikunja, anavuta, huyo ni karabai. Pumzi ya saa nzima inakwisha kwa dakika. Marekani wavuvi wa kamba, wale jamaa wa uduvi, wanaokokota nyavu zisizo na mlango wa kutorokea kasa hubanwa wasizidishe dakika 55 kwa kila mkokoto kuanzia Aprili hadi Oktoba, na dakika 75 miezi ya baridi. Ukitazama tofauti ya hizo mbili utaliona lile jambo la joto tulilolisema. Jarife letu hulala majini kutoka magharibi hadi alfajiri.

Oksijeni ikiisha kasa anazimia. Asidi imejaa damuni, moyo unapiga kwa shida, shingo imelegea, macho hayajibu. Aliyelala chini ya mwamba shingo yake ina nguvu, na ukimgusa anashtuka. Huyu hashtuki, lakini anaweza kuwa hai. Fanya hivi.

Mtoeni wavuni kwa kukata nyuzi, si kwa kuvuta. Mlazeni kifudifudi, tumbo chini, asilazwe chali hata dakika moja.

Pandisheni sehemu ya nyuma. Kwa kasa wa wastani, kiasi cha sentimita 15. Kwa mkubwa zaidi, shubiri kamili au kupita. Tairi kuukuu, kamba iliyoviringwa, rundo la nyavu, chochote kinachoshika bila kumchoma. Kichwa kikiwa chini na nyuma juu, maji yaliyoingia mapafuni yanapata mteremko wa kutokea mdomoni na puani. Usishangae yakitoka kidogo kidogo, na mapovu.

Kila baada ya muda, shika ukingo wa gamba upande wa kulia, unyanyue kama upana wa vidole vinne, ushushe. Kisha kushoto. Polepole, kama mtu anayetikisa susu ya mtoto. Hapo unamsaidia kusogeza kilicho ndani bila kumkandamiza. Msimsukume tumboni, msimpulizie mdomoni, msimsimamishe kichwa chini akining'inia.

Kivuli ni lazima. Mfunikeni mgongo, kichwa na mapezi kwa gunia au kanga iliyolowa, mkiilowesha tena inapokauka, lakini pua iwe wazi. Na hili nalirudia kwa sababu karibu kila mtu hulikosea mara ya kwanza: msimtie kwenye maji, wala ndani ya ngama (chini ya chombo, maji yanakokusanyika) yenye maji, wala msimrudishe baharini mkidhani maji ndiyo yatakayomwamsha. Aliyezimia akirudi majini anakufa pale pale, hana wa kumwinua.

Mara kwa mara mjaribuni. Gusa taratibu ngozi kando ya jicho, finya mkia. Mkia ukijikunja, jicho likifumba hata kidogo, yumo. Pengine mtasubiri nusu saa, pengine saa 3. Mpeni angalau saa 4, na kama mna uwezo wa kumweka hadi saa 24, mwekeni. Najua mashua ina kazi na nafasi ni finyu. Kasa akiwa pembeni chini ya gunia hahitaji mtu wa kukaa naye muda wote, anahitaji tu asitupwe.

Aliyekufa kweli ana dalili zake: mwili umekakamaa, au nyama imeanza kuoza. Kulegea peke yake si kifo, na ndipo wengi wanapokosea. Mpigieni simu afisa wa uvuvi mkifika, maana kasa analindwa na sheria kotekote pwani hii. Wala asiliwe. Machi 2024, kisiwani Panza, Pemba, watoto 8 na mwanamke mmoja walifariki baada ya kula nyama ya kasa, na watu 78 wengine wakalazwa. Sumu hiyo haitoki kwa kupikwa, na kwa macho humjui kasa mwenye sumu na asiye nayo.

Hatua ya saba: kumwachilia

Msimrudishe kwa pumzi ya kwanza. Ngojeni apumue mara nyingi kwa kufuatana, ainue kichwa bila kutetemeka, apige mapezi kwa nguvu mkimnyanyua. Asidi iliyojaa mwilini hushuka taratibu, na akiwahi kuingia majini huzama kabla hajawa na nguvu ya kupanda.

Nendeni mbali na nyavu, zenu na za wenzenu. Injini izimwe au iwekwe bila gia. Mshusheni kwa nyuma ya chombo, kichwa kwanza, watu wawili wameshika gamba, kwa upole, si kwa kutupa. Kisha mbaki mkitazama. Atazama kidogo, na mnachokisubiri ni kichwa kitokee tena. Kikitokea mara moja na "puh!" ikasikika, subirini ya pili.

Yule wetu alitokea baada ya kama dakika mbili, karibu kabisa na usukani, akapumua. Nahodha alikuwa ameshika kamba ya injini mkononi, haivuti. Akatokea tena mbali kidogo, upande wa miamba, akapumua. Tukangoja ya tatu mpaka chai ikapoa, na hatukuisikia kwa sababu alikuwa ameshafika mbali. Nahodha akavuta kamba.